Pembe ya Mahin

Jumapili iliyopita, baada ya ibada, mmoja wenu aliniuliza, "Mama Riziki, kule Louisville ulikuwa unafanya kazi gani?" Nikamjibu, "Nilikuwa naosha mazulia." Akasema, "Aa, usafi," kwa sauti ile ya kumpa mtu mzima pole, kisha akarudi kwenye simu yake. Wanangu, nilirudi nyumbani nimeudhika. Usafi ni kazi ya heshima na nimeifanya pia, lakini ile haikuwa usafi. Nilikuwa fundi wa mazulia ya Kiajemi, yale yanayofumwa kwa mkono kule Irani, fundo baada ya fundo. Sasa nimestaafu, nakaa hapa Buffalo kwa binti yangu Riziki, theluji imeziba mlango, na muda ninao. Basi nisikilizeni.

Sikurithi kazi hiyo kwa mtu. Mimi ni mzaliwa wa Uvira. Vita vilitutoa huko, tukakaa kambini Tanzania miaka mingi, ndiyo maana Kiswahili changu kina pande mbili na msinicheke. Tulipoletwa Louisville nilianzia kwenye ghala moja upande wa Okolona. Kazi hiyo mnaijua, sina haja ya kuwaeleza. Sanduku linakuja, sanduku linaondoka, na wala hujui ndani mna nini. Uzito sikuuogopa. Kilichonichosha ni kule kushika kitu mchana kutwa bila kukijua.

Mama mmoja wa kanisani, Mkongomani mwenzangu, ndiye aliyenifungulia njia. Akaniambia, "Kuko muzee moja Muirani, anatafuta mutu wa nguvu wa kubeba mazulia yenye maji. Bon, ni mukali, lakini hatukane watu." Nikasema hiyo inanitosha.

Mzee huyo aliitwa Behruz, nasi sote tulimwita Agha Behruz, maana kwao Agha ni kama kusema Bwana. Alikuwa mwembamba, masharubu meupe, kizibao cha sufu mwilini hata wakati wa joto. Karakana yake ilikuwa nyuma ya duka la matairi. Siku ile ya kwanza hatukuwa na lugha ya maana kati yetu. Kiingereza chake kilikuwa kizito, changu kilikuwa cha ghala: beba, sukuma, simama. Akanipeleka mbele ya zulia lililogeuzwa mgongo, akashika nyuzi nyeupe zilizochomoza ukingoni.

"Panbe," akasema.

"Pamba," nikasema.

Akanitazama. Akagusa nyekundu, akagusa bluu, akagusa kijani. "Rang."

"Rangi."

Akanyoosha kidole kwenye kidirisha kidogo kilichokuwa juu ya karo. "Dariche."

"Dirisha!"

Mzee akapindua ndoo, akaikalia. "Nani amekufundisha Kifarsi?"

"Hakuna. Hicho ni Kiswahili."

Wakati huo sikujua kwamba maneno hayo yaliingia kwetu zamani kutoka kwao, na biashara ya pwani. Nilijua tu kwamba mzee mkali anacheka na kazi nimeipata.

Sasa niwape mambo ya kazi yenyewe, maana mnaharibu mazulia ya watu na yenu wenyewe. Zulia halianzi na maji. Linaweza kuonekana safi kabisa na ndani limejaa mchanga, na mchanga ukikutana na maji unakuwa tope, tope likisuguliwa linakata nyuzi kama wembe. Kwa hiyo unalilaza kifudifudi, unalipiga mgongoni polepole mpaka mchanga uishe kuanguka. Halafu unaziuliza rangi. Unachukua kitambaa cheupe chenye unyevu, unakibana juu ya nyekundu, unahesabu pumzi zako, unatazama. Kitambaa kikibaki cheupe, rangi imekubali kuoga. Kikitoka na wekundu, unasimama hapo hapo na kufikiri upya. Maji yawe baridi, sabuni iwe ya upole, siki kidogo mwishoni. Na brashi ifuate nywele za zulia zinakolala. Mimi mara ya kwanza nilisugua kinyume, zulia likakauka nywele zimesimama wima kama kuku aliyenyeshewa. Agha Behruz alifungua bomba tena, akanipa brashi, akaenda kunywa chai.

Harufu je? Zulia la sufu likilowa linanuka kama mbuzi wamepanga foleni mlangoni. Siku za mwanzo Riziki alikuwa ananivulisha koti nje. Na msidhani wateja wetu wakubwa walikuwa matajiri. Walikuwa mbwa wa matajiri. Kuna bibi mmoja alikuja na zulia na mbwa wake pamoja, akamsimamisha mbele yetu, akamwambia amtazame Agha Behruz machoni na kuomba radhi.

Kufunga mafundo nilianza baada ya kuosha kwa muda mrefu. Zulia lina nyuzi zinazosimama, za pamba, zinaitwa mtande. Kila fundo la sufu linazunguka nyuzi mbili za mtande, unalivuta chini, unakata, unakwenda linalofuata. Ukimaliza mstari unapitisha uzi wa kulala, unaugonga kwa chanuo la chuma. Basi. Hakuna siri nyingine. Lakini Agha Behruz hakunionyesha mchoro wowote. Alisimama nyuma yangu akaimba: mbili nyekundu, moja bluu, tatu nyeupe. Kule kwao, alisema, kwenye karakana kubwa alikuwako mtu ambaye kazi yake ni kuimba rangi, na wafumaji wanaitikia huku wanafunga. Nami nikawa naitikia. Mara kwa Kifarsi, mara kwa Kiswahili. Wenye duka la matairi walidhani tunasali.

Kwao ni mji unaoitwa Kashan. Sijafika huko na sitafika, lakini nawaambia naujua kuliko mitaa mingi niliyolala. Ni mji wa kale sana ukingoni mwa jangwa. Kando yake kuna kilima cha watu wa zamani kabisa, na Agha Behruz akiwa mtoto alikuwa anaokota huko vigae vya vyungu vilivyochorwa mbuzi wenye pembe ndefu. Nyumba zao ni za udongo, zimechimbwa kwenda chini kukimbia jua. Katikati ua, katika ua bwawa dogo na miti ya komamanga. Juu ya paa kuna mnara wenye matundu, unanasa upepo na kuushusha mpaka chumba cha chini, na huko chini ndiko wanawake walikofuma wakati wa kiangazi, wakati juu hata mbwa hatembei. Masika wanapika mawaridi kupata maji yake, na mji mzima unanukia. Usiku wa joto watu walilala darini, maana paa zao ni bapa, na mama alikung'uta kila shuka kwanza kwa sababu ya nge. Soko lao lina paa la kuba, kila kuba na tundu moja, na mwanga unashuka kama nguzo. Watia rangi nyuzi ungewatambua mtaani: mikono bluu mpaka kwenye viwiko.

Na kila vuli, alisema, watu wa huko wanabeba zulia moja mpaka kijito kilicho karibu na mahali patakatifu, wanaume wamenyanyua fimbo, wanaliosha kwa kumbukumbu ya mtu mwema aliyeuawa, ambaye mwili wake ulibebwa ndani ya zulia. "Kwetu kuosha zulia si kuosha sufuria," aliniambia. "Shika vizuri."

Zamani za mababu tetemeko la ardhi liliuangusha mji wote. Nikamuuliza, walihama? Akanishangaa. "Walikanda udongo ule ule ulioanguka, wakajenga tena."

Lakini nilipomuuliza kama atarudi hata kutembea tu, alisema, "Mji nilioujua mimi haupo. Na uliopo haunijui." Sikumuuliza tena.

Agha Behruz amekwisha kufariki, Mungu amrehemu. Karakana ilifungwa. Mazulia ya mashine yamejaa madukani, na watu wanapata dawa za kunyunyizia na kuvuta kwa mashine, siwalaumu. Chanuo lake, kulabu zake na mkasi wake uliopinda viko hapa, chini ya nyumba ya Riziki, pamoja na kitanda cha kufumia nilichokijenga mwenyewe kwa mbao. Anayetaka kujifunza aje. Akate kucha kwanza.

Sasa niwape ile hadithi niliyokusudia.

Siku moja ilipigwa simu kutoka Gahanna, pale Columbus karibu na uwanja wa ndege. Aliyepiga ni mwanamke aitwaye Nasrin. Mama yake, Khanom Parvin, alikuwa Muirani wa Kashan. Khanom ni neno lao la heshima kwa mwanamke. Bomba lilipasuka kwenye chumba cha chini cha nyumba yake, na zulia lililokuwa limekunjwa huko lilikaa ndani ya maji mpaka likaanza kuota ukungu. Wasafishaji wa kule walikuwa wameshasema litupwe. Mama alikuwa amekataa kula.

Agha Behruz aliposikia Kashan alikwenda kuchukua funguo za gari. Lakini mimi ndiye niliyeendesha, maana wakati huo mikono yake ilikuwa imeanza kutetemeka.

Khanom Parvin alitupokea mlangoni akiwa na mkongojo, mrefu, rangi ya mdomo imepakwa sawasawa. Walisalimiana na Agha Behruz kwa Kifarsi, salamu ndefu za kwao, kuulizana baba, kuulizana mtaa. Kisha akanitazama mimi.

"Na huyu?"

"Huyu ndiye fundi," akasema Agha Behruz. "Mikono yangu haitulii, Khanom. Yake imetulia."

Khanom Parvin aligeuka na mkongojo wake. Akatupeleka gereji.

Tulilikunjua. Wanangu, hata nilivyozoea, nilishika mdomo. Lilikuwa jekundu lile la ndani ya komamanga, na ua kubwa la bluu katikati, na wekundu ulikuwa umemwagikia sehemu nyeupe kama damu kwenye shuka. Na pembe moja ya chini ilikuwa imeoza. Niliweka kidole, kikapita mpaka sakafuni.

Agha Behruz alipiga magoti, akalitazama, akainuka kwa shida. "Wekundu tutaupunguza. Pembe tutaikata na kuifuma upya, tunakili ile ya upande wa pili. Zulia ni kama uso, kulia na kushoto ni sawa."

"Hili si sawa," akasema Khanom Parvin.

Alikaa juu ya kiti cha plastiki hapo gerejini, akatueleza. Yeye na mdogo wake Mahin ndio waliolifuma wakiwa wasichana, katika chumba cha chini cha nyumba ya baba yao. Ubao wa kukalia ulikuwa mmoja, yeye upande wa kulia, Mahin upande wa kushoto, kila mtu na nusu yake. Kwenye ile pembe ya chini Mahin aliacha mchoro akafuma kitu chake mwenyewe, na mama yao akamzaba kofi. Alikumbuka kofi. Kilichofumwa hakukikumbuka barabara. "Kulikuwa na mti. Au ua. Miaka yote hii zulia limelala na kabati juu ya pembe ile, sikulitazama. Nani anatazama zulia lake?"

"Basi tumuulize Mahin," nikasema.

Nasrin akatazama chini. Agha Behruz naye akakohoa.

"Mahin hajafa," akasema Khanom Parvin. "Yuko Kashan. Ila mimi na yeye hatuzungumzi."

Habari yenyewe ilikuwa hii. Mahin aliyebaki kule aliitoa nyumba ya baba yao kwa watu baki, wakaifanya nyumba ya wageni. Khanom Parvin alipata habari kwa watu. Tangu hapo, kimya.

Agha Behruz akasema kwa upole kwamba tunaweza kunakili pembe ya pili, hakuna atakayejua.

"Mimi nitajua," akasema bibi.

"Na kumpigia hutaki?"

"Sitaki."

Hapo ndipo niliposema jambo ambalo halikuwa kazi yangu kulisema. Nilisema, "Mama, mimi nina kaka. Tulipotezana barabarani siku tuliyokimbia Uvira. Sijui kama yu hai. Hakuna namba. Ningekuwa nayo, ningepiga hata kama ni kwa kumtukana." Agha Behruz alinitafsiria kwa Kifarsi, ingawa Kiingereza bibi alikielewa. Nadhani alitaka aisikie mara mbili. Nikaongeza, "Zulia nitalichukua, nitaliosha. Lakini pembe ile sifungi hata fundo moja mpaka Mahin aseme ilivyokuwa."

Tulinyweshwa chai. Nilidhani baada ya kikombe tutafukuzwa. Kisha Khanom Parvin akamwambia binti yake, "Piga. Kule sasa ni jioni, atakuwa amekwisha kula."

Uso uliotokea kwenye simu ulikuwa wa bibi mfupi mnene, kitambaa cha maua kichwani, nyuma yake ukuta wa fleti na jiko la gesi. Hakuna aliyesalimia. Agha Behruz alininong'oneza maneno yao sikioni, moja baada ya jingine.

"Nani amekufa?" akauliza Mahin.

"Hakuna aliyekufa."

"Basi umenipigia kwa nini?"

"Uliwapa wageni nyumba ya baba!" Khanom Parvin alisema kwa sauti ambayo nadhani alikuwa ameibana miaka yote. "Chumba tulichofumia wanakunywa chai watu wasiomjua mama! Mimi huku kila siku nilikuwa naikumbuka nyumba ile, kila tofali!"

"Wewe ulikuwa unaikumbuka," akasema Mahin. "Mimi nilikuwa naikandika. Kila baada ya mvua nilipanda darini na udongo na mabua, na mume wangu mgonjwa kitandani. Ukuta wa chini ulianguka nikiwa peke yangu. Hao wageni wamesimamisha ukuta. Nisingewapa, ili jangwa liichukue? Ningeacha ianguke ili wewe uikumbuke vizuri?"

Khanom Parvin akaisogelea simu. "Hukuniambia."

"Hukuuliza."

Nikaona tunapotea. Nikamvuta Agha Behruz mkono. "Mwambie pembe imeoza."

"Pembe gani?" Mahin akauliza.

"Yako," akasema dada yake.

Mabega ya Mahin yakaanza kutikisika. Nilidhani analia, kumbe anacheka. "Komamanga langu!"

Basi akasimulia. Siku ile alikuwa amekasirika, mchoro ulitaka maua yale yale ya upande wa pili naye alikuwa amechoka na maua. Kwa hiyo alifuma mti wa komamanga wa uani kwao, na tunda moja limepasuka, mbegu zinaonekana. Mama yao aligundua mistari ikiwa imekwisha kwenda mbali. Mfanyabiashara alipokuja alilikataa zulia, akasema lina kichaa upande mmoja. Likabaki nyumbani bila kuuzwa. Na kwa kuwa lilibaki, Parvin alipoolewa akapewa.

"Kumbe ni kwa sababu yako ninalo," akasema Khanom Parvin taratibu.

"Na kofi nililila mimi," akasema Mahin.

Tulilibeba zulia mpaka Louisville. Kuutoa wekundu kwenye nyeupe hakuna uchawi: maji baridi, siki, kitambaa, maji baridi tena, na hakuna kuharakisha. Niliosha mpaka ngozi ya vidole ikajikunja. Uwaridi kidogo ulibaki, na nawaambia ukweli, haukutoka. Kisha nikakata kilichooza, nikaunganisha mtande mpya uzi kwa uzi ndani ya ule wa zamani. Sufu tuliipata kwenye vipande vya mazulia mengine yaliyokufa, tukaviweka kwenye jua la dirishani vizeeke kidogo zaidi, maana sufu mpya kwenye zulia kuukuu inapiga kelele.

Asubuhi za Jumamosi tukawa tunakutana kwa simu ya video: mimi na Agha Behruz karakanani, Khanom Parvin Gahanna, Mahin Kashan. Mahin anafumba macho, anaimba rangi. Mimi naitikia, nafunga. Parvin anamkatiza: "Shina halikuwa pana hivyo." Mahin anamjibu: "Angalia upande wako." Agha Behruz anawatuliza wote wawili, anafurahi kama mtu aliye harusini.

Tulipofika kwenye matawi, mtandao wa kule ukakatika. Jumamosi ya kwanza tukasema ni kawaida. Ya pili, ya tatu, kimya. Kila tulipopiga hakuna jibu, na habari zilizokuwa zinakuja kutoka kule hazikuwa nzuri. Khanom Parvin alikuwa ananipigia mimi hata siku za kazi, hana la kusema, anataka tu kusikia kuna mtu anashika simu.

Agha Behruz aliniambia, "Khanom Mwamini," na ndilo jina langu, "malizia wewe. Mti unajua unavyokwenda. Weka tunda popote. Parvin anaumwa, asije akaondoka hajaliona."

"Hapana, Agha."

"Unaweza."

"Najua naweza. Sitaki. Ni tunda la Mahin."

Nikafuma ukingo, ambao ulikuwa unajulikana. Nikafuma uwanja mwekundu wa pembeni. Nilipomaliza yote yanayojulikana nikaketi, nikasafisha chanuo, nikapanga sufu. Kila Jumamosi saa ile ile nilisimamisha simu mbele ya kitanda cha kufumia na kupiga. Riziki aliponiuliza kwa simu mpaka lini, nikamwambia mpaka ashike.

Akashika. Alikuwa amekonda, na kitambaa kichwani kilikuwa kile kile. Khanom Parvin alilia hapo hapo, bila kujificha. Mahin akamwacha alie, halafu akauliza, "Mmefika wapi?"

"Tumesimama pale ulipotuacha," nikasema.

Akanitazama muda mrefu. Kisha akasema kitu, Agha Behruz akatafsiri: "Anasema hajui tunda lilikaa tawi gani. Siku zile hakulala, kichwa kimechoka. Atakwenda kuuona mti."

Jumamosi iliyofuata hakuwa jikoni. Alikuwa kwenye nyumba ya baba yao. Wenye nyumba ya wageni walimruhusu. Simu ikatembea: mlango wa mbao, ua, bwawa, na mti wa komamanga, mzee, umeinama, lakini una majani. Mahin alisimama chini yake akanyoosha mkono kama mtu anayechuma. "Hapa," akasema. "Tawi hili la chini. Kwa sababu nilikuwa mfupi." Nikaandaa sufu.

Kisha akashuka chini, kwenye chumba walichofumia. Vijana wa kigeni walikuwa wameketi wanakunywa chai, wakampisha. Akamwonyesha dada yake ukuta uliosimamishwa. Khanom Parvin alisema tu, "Umenyooka." Nikajua amesamehe.

Agha Behruz alikuwa amesogea karibu na simu mpaka pua inagusa kioo. Akauliza kwa sauti ndogo kama mnara wa upepo bado uko wazi. Mahin akasema upo, unashuka hapa pembeni. "Nyanyua simu, Khanom. Nakuomba. Shikilia hapo hapo."

Mahin akainyanyua. Kioo kikawa giza, na ikatoka sauti, kama mtu anavuta pumzi ndefu bila kuitoa. Ulikuwa upepo wa Kashan, unashuka. Agha Behruz akaichukua simu kutoka kwenye kigingi chake, akaiweka sikioni, akafumba macho. Mikono yake ilikuwa inatetemeka kama kawaida lakini hakuiangusha. Mimi nilifunga mafundo. Sikujua la kufanya jingine.

Tulilipeleka zulia Gahanna mwanzo wa majira ya joto. Tulilitandika sebuleni, Nasrin akafungua mapazia. Nilimwonyesha Khanom Parvin kila kitu, na uwaridi uliobaki nilimwonyesha kwanza, ndivyo ilivyo kazi. Alilizunguka kwa mkongojo wake, akainama, akapapasa mahali papya na pa zamani, akatafuta palipoungwa, hakupapata. Mahin alikuwa kwenye simu mkononi mwa Nasrin. Sote tulikuwa tumesimama ukingoni, tunatazama, na hakuna aliyethubutu kusogea.

"Mnasimama kama mko msibani," Mahin akasema. "Zulia ni la kukanyagwa. Likanyageni!"

Khanom Parvin akavua viatu. Akampa Agha Behruz mkongojo, akanishika mimi mkono, akaingia ndani ya zulia, hatua ndogo ndogo, akapita ua la bluu, akaenda mpaka kwenye lile tunda lililopasuka. Akataka kuketi. Nikamshusha polepole, akakunja miguu kama msichana, akaweka kiganja juu ya mti.

Mahin akamwambia, "Parvin, sogea upande wako. Hapo ni pangu."

"Sisogei," akasema dada yake. "Njoo uniondoe."